Ivan Mykolaichuk: Mwigizaji na Amana ya Watu Wake



Senema ya Ukraine inapotajwa katika vyuo, aghalabu hutajwa waongozaji, na wachezaji huachwa nje kama wapagazi waliokwisha kutua mizigo. Lakini mimi nimekusudia kumnena aliyesimama mbele ya kamera, kwa kuwa katika uso wa Ivan Mykolaichuk watu wa taifa lake walijiona wenyewe, katika zama ambazo kujiona huko kulitiliwa shaka na wenye mamlaka wa Kisovieti.

Alizaliwa mwaka 1941 katika kijiji cha Chortoryia, nchi ya Bukovina, kwa wazazi wakulima. Akasoma muziki na maigizo mjini Chernivtsi, kisha akaingia chuo cha sanaa za jukwaa na senema cha Kyiv, na hapo, angali mwanafunzi, akapewa kumwigiza Taras Shevchenko, mshairi anayeenziwa na Waukraine kuliko wote, katika filamu ya Ndoto ya mwaka 1964.

Karibu wakati huo huo Sergei Parajanov, Muarmenia mzaliwa wa Tbilisi, alikuwa akitengeneza Vivuli vya Wahenga Waliosahauliwa kutokana na kisa cha Mykhailo Kotsiubynsky, nacho ni kisa cha vijana wawili wa milima ya Carpathia waliopendana ilhali jamaa zao walikuwa na uhasama wa damu. Mykolaichuk alikuwa Ivan, yule kijana anayempoteza mpenzi wake mtoni na asirudiwe na raha tena. Na ajabu ya uigizaji wake ni kwamba hamwoni mtu akijitahidi kuhuzunika, bali mnamwona mchungaji akitembea, akichanja kuni, akinyamaza, mpaka huzuni ikadhihiri yenyewe. Parajanov alikataa maneno ya watu wa milimani yageuzwe kuwa Kirusi, na kwa rai yangu kukataa huko kulimfaa mwigizaji wake kuliko sifa yoyote, maana Ivan huyo asingaliweza kuishi katika lugha ya kuazima. Filamu ilipoonyeshwa Kyiv mwezi wa Septemba 1965, mhakiki wa fasihi Ivan Dziuba alisimama mbele ya watazamaji akashutumu kukamatwa kwa wasomi wa Kiukraine. Na tangu hapo sanaa hii ikawa na wapelelezi wake.

Athari ya upelelezi huo ilimfika Mykolaichuk dhahiri. Aliandika pamoja na mwongozaji Yuri Ilyenko mchezo wa filamu ya Ndege Mweupe Mwenye Alama Nyeusi, akitaka mwenyewe kumwigiza Orest, mmoja wa ndugu wa kisa hicho, anayejiunga na waasi dhidi ya Wasovieti. Wakubwa wakakataa uso unaopendwa namna ile uvishwe sura ya adui, naye akamwigiza ndugu mwingine, na sehemu ya Orest ikamwendea Bohdan Stupka, aliyeanzia hapo umashuhuri wake. Filamu ikashinda tuzo kuu mjini Moscow mwaka 1971. Barua Iliyopotea, aliyoigiza pia, ya mwaka uliofuata, iliyotokana na hadithi ya Gogol, ilifungiwa kabatini, na nafasi za Mykolaichuk zikapungua; wala sidhani kwamba kuna udhalimu mzito kwa mwigizaji kuliko huo wa kuachwa akizeeka bila kuitwa.

Mwaka 1979 aliongoza Babylon XX, akajichezea pia Fabian, mwanafalsafa wa kijiji atembeaye na mbuzi wake. Mwaka uliofuata akapewa mjini Dushanbe tuzo ya uongozaji. Ndiyo kazi ninayoitanguliza mimi, juu hata ya ile ya Parajanov, kwa sababu humo mwigizaji hatumikii ndoto ya mtu mwingine.

Alifariki Kyiv tarehe 3 Agosti 1987, akiwa na umri wa miaka 46, akazikwa katika makaburi ya Baikove. Tuzo ya Taifa ya Shevchenko alipewa mwaka 1988. Nawasihi wanafunzi wa maigizo waanze na Babylon XX, na waitazame bila haraka.