Stima za Namasagali



Leo twazungumza habari za stima za Namasagali, Uganda. Sisi watu wa reli zatuhusu, maana ni reli iliyoziendesha. Maporomoko ya mto Nile yalizuia vyombo, basi mwaka 1912 ikafunguliwa njia ya gari la moshi toka Jinja hadi Namasagali. Kutoka hapo safari ilikuwa ya maji, kupitia ziwa Kyoga mpaka Masindi Port. Na pamba ya huko ilirudi kwa njia hiyo hiyo.

Speke, Stanley na Grant zilikuwa na gurudumu nyuma. Ziwa lile halina kina, limejaa mafunjo. Rafadha ingenaswa na majani. Gurudumu hupiga maji juu juu likapita.

Mwaka 1961 na 1962 mvua kubwa zilijaza maziwa, gati ikaharibika, kazi ikakoma. Mwaka 1965 bandari ikawa shule.

Wenzetu wa Echuca, Australia, wanayo Adelaide, stima ya mbao ya mwaka 1866 iliyovuta magogo mto Murray. Waliiweka nchi kavu itazamwe (chombo juu ya nyasi ni mzoga tu!), lakini mwaka 1984 wakairudisha majini, nayo yatembea kwa mvuke.

Sisi stima hatunazo tena. Bali picha, beji na vyeti vya kazi vya wazee wetu vingali masandukuni, vinaliwa na mchwa. Aliye navyo amletee karani wa tawi, tuviombee nafasi katika Makumbusho ya Reli, Nairobi. Na majina ya makuli yaandikwe pia, si ya manahodha peke yao.