Askofu Kizimbani: Sheria ya Kirumi na Suala la Imani Sahihi Afrika ya Kaskazini



Mwaka 403 Possidius, askofu Mkatoliki wa Calama, mji ambao leo unaitwa Guelma na uko mashariki mwa Algeria, aliviziwa njiani na watu wenye silaha. Alikimbilia nyumba moja ya shambani. Nyumba ikazingirwa na kutiwa moto, naye akakamatwa akapigwa. Aliyepanga shambulio hilo alikuwa padre wa Wadonati, kundi la Wakristo lililojitenga na Wakatoliki. Possidius alimtaka askofu wa Wadonati wa mji huohuo, Crispinus, amwadhibu padre wake, na Crispinus hakufanya lolote. Wakatoliki wakaenda mahakamani. Hawakumshtaki Crispinus kwa kufumbia macho uhalifu. Walimshtaki kwa uzushi.

Nimeichagua kesi hii kwa sababu inafichua jambo ambalo masomo yetu ya historia ya Kanisa hulipita haraka. Tumezoea kusema kwamba mitaguso ilitamka imani iliyo sahihi, kisha makaisari wakaitekeleza. Hoja yangu ni kwamba dola ya Kirumi iliingia katika suala hili ikiwa na zana zake yenyewe, yaani misamaha ya kodi, majina ya watu, mafaili na faini, na kwamba zana hizo zilibadilisha maana ya kuwa Mkristo wa imani sahihi.

Tuanze na misamaha. Katika miji ya Kirumi, mtu mwenye mali aliyekuwa mjumbe wa baraza la mji alibeba kwa gharama yake kazi nyingi za umma. Alikusanya kodi na kujibia upungufu wake, alisimamia majengo, aligharimia michezo. Ulikuwa mzigo mzito, na wengi walitafuta kila njia ya kuukwepa. Mwaka 313 Kaisari Konstantino alimwandikia Anulinus, liwali wa Afrika, akiagiza kwamba makasisi wa Kanisa Katoliki linaloongozwa na Caecilianus, askofu wa Karthago, wasamehewe kazi hizo.

Kwa bahati mbaya Karthago ilikuwa na mgogoro. Wapinzani wa Caecilianus walidai kwamba mmoja wa maaskofu waliomweka wakfu aliyasalimisha Maandiko Matakatifu kwa maofisa wakati wa mateso ya Kaisari Diocletianus, kwa hiyo uaskofu wake ni batili. Nao walikuwa na askofu wao, na baada yake akafuata Donatus, ambaye kundi zima lilikuja kuitwa kwa jina lake. Msamaha ulipotangazwa waliona wazi kwamba Kaisari amekwisha kuchagua upande. Aprili mwaka huohuo walimkabidhi Anulinus malalamiko yao ayapeleke kwa Konstantino.

Naomba tutulie kidogo hapa. Kama msamaha ungetolewa kwa watu binafsi, au kama usingetolewa kabisa, Kaisari asingekuwa na haja ya kujua nani ni askofu halali wa Karthago. Aliposema kwamba makasisi wa Kanisa wasibebe mzigo wa miji, ilibidi ofisi ya serikali ijue Kanisa ni lipi. Swali la teolojia liliingia serikalini kupitia daftari la kodi. Konstantino aliwapa maaskofu kesi hiyo, Roma mwaka 313 na Arles mwaka 314, kisha akaihukumu mwenyewe mwaka 316, kila mara Caecilianus akishinda. Zikafuata hatua za nguvu, na mwaka 321 Konstantino akaziacha kwa kuwa hazikuzaa matunda. Mwaka 326 sheria yake ilitamka kwamba misamaha ni ya Wakatoliki peke yao, na wazushi na waliofarakana wabebe mizigo ya miji kama watu wengine.

Zana ya pili ni majina ya watu, na mwenye kuitumia waziwazi zaidi ni Kaisari Theodosi. Februari 380, akiwa Thesalonike, alitoa sheria maarufu iliyoelekezwa kwa watu wa Konstantinopoli. Inataja usawa wa Baba na Mwana na Roho Mtakatifu, lakini kipimo chake cha kwanza ni watu wawili: Damaso, askofu wa Roma, na Petro, askofu wa Aleksandria. Imani sahihi ni ile wanayoifuata hao. Mwaka uliofuata Mtaguso wa Konstantinopoli ulikutanisha maaskofu wapatao 150, na tarehe 30 Julai 381 ikatoka sheria ya kukabidhi makanisa kwa maaskofu wa imani ya Nisea, yaani wanaokiri usawa huo wa Baba na Mwana na Roho Mtakatifu. Liwali angemtambuaje askofu wa aina hiyo? Sheria ilimpa orodha: Nektari wa Konstantinopoli, Timotheo wa Aleksandria, Diodori wa Tarso, Gregori wa Nisa na wengine, kila mmoja katika eneo lake. Aliyekuwa na ushirika nao alipewa kanisa; asiyekuwa nao alitolewa.

Mimi naona utaratibu huu ulikuwa na akili ya kiutawala. Ofisa wa mkoa hakuwa na elimu ya kupima maneno magumu ya Kigiriki kuhusu asili ya Mungu, na wala hakutakiwa kuwa nayo. Kuuliza "una ushirika na nani?" kunajibika kwa barua moja. Hata hivyo gharama yake ni kubwa. Askofu aliyetajwa kwenye orodha akawa kipimo cha imani ya mkoa mzima kwa nguvu ya serikali, na mlei wa kawaida akajikuta upande mmoja au mwingine bila kuulizwa anaamini nini.

Tena orodha hubadilika mtawala akibadilika. Januari 386 huko Milano, serikali ya kijana Valentiniano wa Pili ilitoa sheria ya kuwaruhusu wafuasi wa imani ya Rimini ya mwaka 359, iliyopingana na ile ya Nisea, wakusanyike, na kutishia kifo wale watakaowasumbua. Ofisa aliyeitwa Benevolus alikataa kuiandika akaacha cheo chake. Ambrosi, askofu wa Milano, naye alikataa kuachia kanisa, akabaki ndani pamoja na waumini huku askari wamelizunguka. Miaka sita haikuwa imetimia tangu sheria ya Thesalonike.

Sasa turudi kwa Crispinus, tukiitazama zana ya faini. Sheria iliyotumika ilikuwa ya Theodosi ya mwaka 392, iliyomtoza faini ya ratili 10 za dhahabu kila mtu aliyetoa au kupokea daraja takatifu katika makundi ya wazushi. Utetezi wa Crispinus ulikuwa mfupi na wenye nguvu: mimi si mzushi. Wadonati waliungama Utatu Mtakatifu kama Wakatoliki. Walichogombania ni usafi wa Kanisa na ubatizo, maana walimbatiza upya Mkatoliki aliyehamia kwao. Kwa lugha ya wakati ule, wengi wangeliita hilo farakano, si uzushi. Crispinus na Possidius walijadiliana mara tatu, Karthago na Afrika nzima zikisubiri matokeo. Hukumu ikatolewa kwa maandishi: Crispinus ni mzushi.

Possidius aliomba faini isidaiwe, na akakubaliwa. Crispinus hakuridhika kusamehewa akiwa na jina la mzushi, akakata rufaa kwa Kaisari Honorius. Alishindwa, na safari hii hata hakimu na ofisi yake wakatozwa ratili 10 za dhahabu kwa kutokuidai faini ya kwanza. Maaskofu Wakatoliki wakaomba tena, na wote wakasamehewa.

Ninachokiona hapa ni mahakama ya serikali ikiamua, kwa ajili ya faini, nani ni mzushi. Sheria zilizofuata zikapanua njia hiyo. Tayari mwaka 395 sheria iliyopelekwa kwa liwali wa Asia ilisema kwamba hata anayepotoka kwa jambo dogo kutoka katika hukumu ya dini katoliki ni mzushi. Mwaka 405 Honorius aliwaweka Wadonati wazi katika kundi hilo, akieleza kwamba farakano limezaa uzushi. Faini za sheria ya mwaka 392 zikawaangukia Wadonati wa Afrika nzima.

Zana ya mafaili inaonekana mwaka 411, mgogoro ulipofikishwa Karthago mbele ya mjumbe wa Kaisari, Marcellinus, katika kikao kikubwa cha mwezi Juni. Upande wa Wakatoliki walikuwa maaskofu 286, na wa Wadonati karibu idadi hiyohiyo. Wadonati walikataa kuketi pamoja na wapinzani wao, wakasimama, na Marcellinus kwa heshima akasimama pia. Waandishi walinukuu kila neno, na wasemaji wakatia saini. Sehemu kubwa ya kumbukumbu hizo tunayo mpaka leo, nami nawasihi vijana wanaotafuta mada ya tasnifu wazitazame. Marcellinus aliamua kwa Wakatoliki. Januari 412 ikatoka sheria ya faini kwa kila tabaka: ratili 50 za dhahabu kwa watu wa daraja la juu kabisa, 5 kwa mtu wa kawaida. Watumwa walionywe na mabwana zao, wakulima waliofungwa na ardhi wapigwe mara kwa mara mpaka wahame.

Na Augustino, askofu wa Hippo? Katika barua yake kwa Vincentius, askofu wa tawi lililojitenga na Wadonati, mwaka 408 hivi, anakiri kwamba mwanzoni alipinga kulazimisha watu, kisha akabadilika alipoona miji ikirejea kwa hofu ya sheria, ukiwemo mji wake wa kuzaliwa, Thagaste. Tusimpunguzie haki yake: alimwandikia Marcellinus akimsihi asiwaue Wadonati waliokiri kumuua padre Mkatoliki, na alishikilia msimamo huo. Lakini hoja yake ya matokeo mema siikubali. Mkulima aliyepigwa mpaka akahama hawezi kuhesabiwa kama ushahidi wa ukweli wa mafundisho. Marcellinus mwenyewe, mtu aliyekuwa rafiki wa Augustino, aliuawa kwa amri ya serikali Septemba 413, akihusishwa na uasi uliozimwa, na maombi ya maaskofu hayakumwokoa.

Ndugu washiriki, pendekezo langu kwa walimu wa seminari na vyuo vyetu ni moja. Tunapofundisha Mtaguso wa mwaka 381, tuweke mezani siku hiyohiyo sheria ya tarehe 30 Julai na hukumu ya Crispinus, ili mwanafunzi asome Kanuni ya Imani akijua pia ni nani aliyelipishwa, nani aliyepigwa, na nani aliyeandika orodha.