Maumivu ya Neva na Dawa Zenye Sifa ya Maradhi Mengine

Maumivu ya neva hupenda usiku. Mchana miguu ina shughuli zake na akili ina mambo yake. Usiku shuka likigusa vidole, mtu hushtuka kama aliyekanyaga kaa la moto. Kuna wanaohisi sisimizi wakitambaa chini ya ngozi, wengine huchomwa sindano, wengine husema ni baridi inayounguza. La ajabu ni kwamba mguu wenyewe ukitazamwa hauna jeraha wala uvimbe.

Hitilafu imo katika neva, yaani mishipa ya fahamu, inayopeleka habari kutoka ngozini hadi kwenye uti wa mgongo na ubongo. Ikidhurika, hupeleka habari ya moto pasipo moto. Kisukari ndicho kinachotajwa mbele ya yote: sukari ikikaa juu kwa miaka mingi huharibu neva pamoja na vijishipa vya damu vinavyozilisha, na madhara huanzia vidoleni yakapanda kama soksi inayovutwa. Mkanda wa jeshi nao unaweza kuacha maumivu miezi mingi baada ya malengelenge kukauka. Hata dawa zaweza kuwa chanzo. Isoniazidi ya kifua kikuu hudhuru neva, ndiyo maana wagonjwa wengi huongezewa vitamini B6. Na wako Waafrika Mashariki wasioisahau stavudini, dawa ya kupunguza makali ya virusi vya UKIMWI, iliyookoa maisha ya watu na kuwaachia baadhi yao nyayo zinazowaka. Mwaka 2009 Shirika la Afya Duniani, WHO, lilishauri iondolewe hatua kwa hatua.

Kwa maumivu ya namna hii parasetamoli haisaidii sana. Hapo ndipo daktari huandika cheti cha dawa nyingine, na hapo ndipo matatizo ya nyumbani huanza.

Mfikirieni mzee mwenye kisukari anayeishi kwa mwanawe mjini London. Amerudi kutoka duka la dawa na pakiti ya amitriptilini. Mjukuu anamsomea karatasi iliyomo ndani: dawa ya sonona. Mzee anaiweka chini ya mto na haigusi tena. Kwani nani amemwambia daktari kuwa yeye ana ugonjwa wa akili? Hasemi neno, kwa sababu mbele ya daktari mtu mzima hujibu "naam" na kuondoka. Wiki sita baadaye daktari anaona dawa haikufaa na kuandika nyingine kali zaidi.

Karatasi ile haikudanganya, ila haikueleza vya kutosha. Amitriptilini iliingia sokoni mwaka 1961 kama dawa ya sonona. Baadaye ilibainika kuwa huipa nguvu njia inayoshuka kutoka ubongoni kwenda kwenye uti wa mgongo kuyapunguza maumivu, na hufanya hivyo hata kwa mtu asiye na sonona. Kwa maumivu huanzwa kwa miligramu 10 tu usiku, kiasi kidogo sana kuliko kile cha kutibu sonona. Gabapentini nayo iliidhinishwa Marekani mwaka 1993 kwa ajili ya kifafa. Hiyo pamoja na pregabalini, ndugu yake, hutuliza neva zinazofyatuka ovyo. Daktari angetumia dakika mbili kuyasema haya, mzee angelala.

Hata hivyo, nafuu haiji siku hiyo hiyo kama ya kidonge cha kichwa. Huchukua wiki kadhaa, na kipimo hupandishwa polepole. Wala si kila mtu hunufaika. Uchambuzi uliochapishwa mwaka 2015 katika jarida la Lancet Neurology ulikadiria kwamba ili mtu 1 apate nafuu ya nusu ya maumivu, ambayo asingeipata kwa kidonge kitupu, ni lazima watibiwe watu wapatao 4 kwa dawa za jamii ya amitriptilini, au wapatao 8 kwa pregabalini. Utafiti mwingine, uliofanywa Uingereza kwa wagonjwa 130 wa kisukari na kutolewa mwaka 2022, ulionyesha kuwa kuanza na amitriptilini, duloksetini au pregabalini, kisha kuongeza ya pili inapobidi, kulishusha maumivu kutoka wastani wa 6.6 kati ya 10 hadi 3.3. Hayakwisha, lakini kati ya namba hizo mbili ndimo ulimo usingizi.

Dawa hizi zina gharama yake mwilini. Amitriptilini hukausha kinywa, hufunga choo, na kwa mzee mwenye tezi dume iliyovimba yaweza kuuziba mkojo. Mwenye maradhi ya moyo lazima aseme mapema. Gabapentini na pregabalini huleta kizunguzungu na kuanguka, na kwa kuwa hutoka kwa njia ya figo, mwenye figo dhaifu hupewa kipimo kidogo. Zikichanganywa na dawa za jamii ya afyuni, tramadoli ikiwemo, pumzi inaweza kufifia hadi kukoma. Kuziacha ghafla pia ni hatari. Hupunguzwa kidogo kidogo.

Uingereza iliziweka gabapentini na pregabalini chini ya sheria ya dawa za kulevya mwezi Aprili 2019, baada ya watu kuzitumia vibaya na wengine kufa. Hili linawagusa wale wenye desturi njema ya kubeba dawa za mama au mjomba ndani ya sanduku la safari. Kumpa mwingine dawa hizo ni kosa, hata kama ni ndugu wa damu. Katika Umoja wa Falme za Kiarabu, tramadoli na pregabalini ni miongoni mwa dawa zinazodhibitiwa, na msafiri anayepitia au kwenda huko na dawa zake mwenyewe atafute kibali rasmi cha huko kabla ya kupanda ndege, azibebe ndani ya pakiti zake za asili, pamoja na cheti chenye jina kama lilivyo kwenye pasipoti.