Mgeni aliyekabidhiwa timu: mazungumzo na familia za wakimbizi wa ndani na viongozi wao

Leo tuongee juu ya mpira. Mtu nitakayemtaja alimaliza kucheza kabla wengi wenu hamjazaliwa. Jina lake ni Jack Charlton, Mwingereza.

Alizaliwa mwaka 1935 huko Ashington, mji wa wachimba makaa ya mawe kaskazini mwa Uingereza. Baba yake alifanya kazi chini ya ardhi. Jack naye aliujaribu mgodi akiwa kijana, akauacha upesi, akaenda kujifunza mpira katika klabu ya Leeds United. Alikuwa beki wa kati, mwenye shingo ndefu hata watu wakamwita Twiga. Aliyesifiwa kwa ufundi ni Bobby, mdogo wake. Jack alisubiri mpaka mwaka 1965, akikaribia miaka 30, ndipo akaitwa katika timu ya taifa. Mwaka uliofuata, ndugu hao wawili walishinda Kombe la Dunia pamoja. Jack aliichezea Leeds mechi 773, akastaafu mwaka 1973.

Kisha akawa kocha. Alianza na Middlesbrough, akaipandisha daraja katika msimu wake wa kwanza. Mwaka 1977 aliomba kuifundisha timu ya taifa ya nchi yake. Hakupata hata jibu. Mwaka 1986 aliitwa na nchi nyingine: Ireland.

Hapa sikilizeni vizuri. Ireland ilitawaliwa na Waingereza kwa karne nyingi. Sehemu ya kusini ilijitawala mwaka 1922, lakini kaskazini ilibaki chini ya Uingereza. Tangu mwisho wa miaka ya 1960 watu wa kaskazini waliuana: wengine walitaka kuungana na kusini, wengine walitaka kubaki na Uingereza. Zaidi ya watu 3,500 walikufa. Basi, katikati ya vita hivyo, timu ya kusini ikakabidhiwa Mwingereza. Wapo mashabiki waliokasirika, na tunaweza kuelewa kwa nini.

Charlton hakujibu kwa hotuba. Alifanya kazi. Jambo moja alilofanya linatuhusu sana sisi tulio mbali na nyumbani. Kwa miaka mingi, njaa na umaskini viliwatoa Waireland kwao, wakaenda Uingereza, Scotland na Marekani. Sheria ya mpira inamruhusu mchezaji kuchezea nchi ya mzazi wake au ya babu na bibi yake. Charlton aliwategemea watoto hao wa waliohama. Ray Houghton alizaliwa Glasgow, lakini baba yake alitoka Ireland. Mick McCarthy alizaliwa Barnsley, Uingereza, naye baba yake alikuwa wa Ireland, akawa kapteni. Paul McGrath alizaliwa London, mama yake Mwireland na baba yake Mnigeria, akalelewa katika nyumba za yatima huko Dublin. McGrath aliteswa na pombe, na yeye mwenyewe amelisimulia hilo. Kocha wake hakumtupa.

Wengine walisema hao si Waireland wa kweli. Lakini mwaka 1988 Ireland ilifika michuano ya Ulaya kwa mara ya kwanza, ikaifunga Uingereza bao 1-0. Mfungaji alikuwa Houghton, yule wa Glasgow. Mwaka 1990 wakafika robo fainali ya Kombe la Dunia, wakatolewa na Italia.

Ndugu zangu, nisiwadanganye kwamba mpira ulileta amani. Tarehe 18 Juni 1994, Ireland ilipoifunga Italia huko Marekani, watu walikuwa wamekaa katika baa ya kijiji cha Loughinisland, kaskazini, wakiangalia mechi hiyo. Wenye silaha waliingia na kuwaua watu sita. Mmoja wao alikuwa mzee wa miaka 87. Furaha ya goli haikuzuia risasi. Amani ilitafutwa kwa mazungumzo marefu na magumu, na mapatano yakafikiwa tarehe 10 Aprili 1998.

Basi mpira ulifanya nini? Ulionyesha jambo ambalo mazungumzo yanalihitaji. Mwezi wa pili mwaka 1995, Uingereza ilikuja kucheza Dublin. Mashabiki wake walifanya ghasia, wakavunja viti na kuvirusha juu ya watu, na mechi ikasimamishwa baada ya dakika 27. Kocha wa Ireland alikuwa Charlton, Mwingereza kama wao. Hakufukuzwa kwa sababu yao. Watu walikuwa wameshamjua kwa miaka tisa, wakatofautisha kati yake na waliofanya fujo. Aliendelea na kazi mpaka mwisho wa mwaka ule, alipoiacha baada ya kushindwa na Uholanzi. Mwaka 1996 Ireland ikampa uraia wa heshima. Alipofariki Julai 2020, alililiwa Uingereza na Ireland pia.

Viongozi, hilo ndilo ninalowaomba mlipeleke nyumbani. Kosa lina mwenyewe. Lisibandikwe kwa kabila zima wala kwa mtoto aliyezaliwa ugenini. Aliyeua aulizwe yeye. Jirani anayesema lugha ya muuaji apimwe kwa kazi ya mikono yake. Na familia zilizokimbia zijue: mtoto aliyezaliwa kambini hajapoteza kwao. Siku ya kurudi asiambiwe kwamba yeye si wa hapa.

Maswali ya kuzungumzia katika vikundi vyenu:

1. Hapa kwetu, ni nani anayelipishwa kosa la wengine kwa sababu ya kabila lake?

2. Watoto waliozaliwa ukimbizini watapokelewaje watakaporudi kijijini?

3. Je, tuko tayari kumkabidhi mtu wa upande mwingine kazi inayotuhusu sote?