Jiwe Linalochanua: Lithops lesliei na Ardhi Yake



Mwaka 1811 mtafiti Mwingereza William Burchell, akiwa safarini karibu na Prieska, Afrika Kusini, aliinama kuokota kitu alichodhani ni kokoto yenye umbo la ajabu. Kumbe ulikuwa mmea. Zaidi ya miaka 100 ilipita kabla N. E. Brown wa bustani ya Kew hajaipa jenasi hiyo jina la Lithops, mwaka 1922, kwa maneno ya Kigiriki yenye maana ya "mfano wa jiwe". Leo nazungumzia spishi moja, Lithops lesliei. Hoja yangu ni hii: darasani tunauchora mmea huu ukielea katikati ya ukurasa mweupe, ilhali nusu ya maelezo yake iko kwenye ardhi inayouzunguka.

Kwanza, wengi hudhani kwao ni jangwani. Sivyo. Spishi hii huota hasa kwenye mbuga za nyasi za Highveld, hata karibu na Johannesburg na Pretoria, mahali penye mvua za radi wakati wa kiangazi na jalidi usiku wa kipupwe. Mmea huu unachohitaji ni udongo mchache uliojaa kokoto, ambapo nyasi hazistawi kiasi cha kuufunika. Ukame wake, basi, ni wa mahali padogo: maji hufika, lakini hayakai.

Hapo ndipo umbo lake linapoeleweka. Mmea una majani mawili tu, manene, yaliyoungana kama kwato, na karibu mwili wote umezama ardhini. Kinachoonekana juu ni paji la sentimita 3 hivi, lenye rangi ya kutu na michirizi inayofanana na kokoto za jirani. Mnyama mlaji hupita bila kuliona. Lakini jani lililozikwa litapataje mwanga? Paji lile lina sehemu angavu, mithili ya kioo cha dirisha, zinazopitisha mwanga hadi ndani, ambako tishu zenye umbijani zimepangwa kandokando ya jani, chini ya usawa wa udongo. Usanisinuru unafanyika kaburini, ningethubutu kusema. Ukame ukizidi, mmea hunywea na kuzidi kuzama.

Kila mwaka majani mapya mawili huchipua katikati ya yale ya zamani na kunyonya maji yake, mpaka ya zamani yabaki ganda jembamba kama karatasi. Anayeumwagilia mmea kwa huruma wakati huo huuozesha. Nimeona vyungu vingi vikifa hivyo.

Ua hutokea majira ya vuli, la manjano, pana kuliko mmea wenyewe, nalo hufunguka alasiri. Tunda lake hufunguka linapolowa na kujifunga linapokauka. Matone ya mvua ndiyo yanayorusha mbegu, tena si mbali. Kwa hiyo watoto huota miguuni pa wazazi, na kundi zima huweza kuenea kwenye kipande kidogo tu cha ardhi.

Nalisisitiza hilo kwa sababu mmea mmoja hauwezi kujirutubisha. Lazima wadudu walete chavua ya mwingine. Anayeng'oa michache kwenye kundi dogo huenda akawa ameinyima iliyobaki wenza. Prof. Desmond Cole, mtaalamu wa sarufi ya Kitswana, pamoja na mkewe Naureen, waliorodhesha kwa namba karibu makundi 400 ya Lithops. Kazi hiyo inaonyesha jinsi kila kundi lilivyofungamana na mahali pake. Leo miji inapanuka juu ya mbuga hizo, na tangu 2019 mamlaka za Afrika Kusini zimekamata mamia ya maelfu ya mimea midogo ya aina hii iliyong'olewa porini, hasa ndugu zake wa jenasi ya Conophytum.

Afrika Mashariki hatuna Lithops ya porini. Anayeitaka kwa ajili ya darasa asinunue mmea bila kujua ulikotoka. Apande mbegu, kwenye changarawe nyingi na udongo kidogo. Ua la kwanza huchukua miaka 3 hivi. Mwanafunzi wa kidato cha kwanza akipanda sasa, ataliona akiwa kidato cha nne.