Linda Mimea ya Mlima Kenya Dhidi ya Moto wa Kiangazi

Maandishi ya mazungumzo na wakazi wa vijiji vinavyopakana na msitu



Kiangazi cha Januari hadi Machi ndicho kipindi cha hatari kubwa ya moto Mlima Kenya. Mwezi Machi 2012, moto uliteketeza eneo kubwa la msitu na nyasi za juu. Ni vyema kila mkazi ajue kinachopotea pale moto unapopanda mlima.

Mlima huu ni volkano iliyozimika zaidi ya miaka milioni 2 iliyopita. Vilele vya Batian, mita 5,199, na Nelion, mita 5,188, ni mwamba mgumu ulioganda ndani ya koo la volkano hiyo. Sehemu laini zilizouzunguka zilimomonyoka zamani. Mbuga ya taifa ilianzishwa mwaka 1949, na mwaka 1997 UNESCO iliingiza mlima katika orodha ya Urithi wa Dunia.

Anayepanda kutoka mashambani hupita kwanza kwenye mitarakwa, podo na mizeituni ya mwituni. Kisha huja mianzi, na baada yake vichaka vya erika. Juu zaidi, karibu mita 4,000, kuna nyasi za mafungu, lobelia na senesio kubwa zenye umbo la mti.

Huko juu jua huchoma mchana, na usiku maji hugandamana. Senesio imepata njia yake ya kuishi: majani yake yakifa hayaanguki, bali hubaki yamefunika shina kama koti. Hukua polepole sana, na mti uliompita mtu kimo huwa umechukua miongo ya miaka. Lobelia nayo hufunga majani usiku ili kukinga chipukizi, na aina moja huchanua mara moja tu maishani, kisha hufa.

Hapo ndipo hatari ilipo. Koti linalozuia baridi ni majani makavu, na moto ukifika huparamia shina hadi kileleni. Erika nayo huwaka hata ikiwa mbichi. Kinachoungua kwa saa moja hakitarudi kabla mtoto wa leo hajawa mtu mzima.

Hasara haiishii mlimani. Mimea hiyo hunasa mvua na ukungu, hushika udongo na kuachilia maji polepole. Mito ya Naro Moru, Burguret na Nanyuki huingia Ewaso Nyiro. Sagana, Thiba na Nithi huingia Tana. Mkulima wa kabeji Kieni, wa mpunga Mwea na mfugaji wa Samburu wote hutegemea mlima mmoja.

Kwa hivyo, wakazi wanaombwa kuzingatia haya:

Mrina asali azime kabisa kienge chake kabla ya kuondoka kwenye mzinga, na ahakikishe majivu yamepoa.

Mkulima asichome magugu karibu na msitu wakati wa upepo. Magugu hayo yafaa kuwa mbolea.

Mfugaji asiwashe nyasi ili zichipue upya. Mvua ikichelewa, hapatakuwa na nyasi wala maji.

Wapagazi na waelekezi wa watalii wahakikishe hakuna moto wala kipande cha sigara kinachoachwa njiani.

Anayeona moshi apige ripoti mara moja kwa chifu au kituo kilicho karibu cha KFS au KWS. Asingoje mwingine afanye hivyo.

Sheria ya Uhifadhi na Usimamizi wa Misitu ya mwaka 2016 inakataza kuwasha moto msituni bila idhini, na anayekiuka hushtakiwa.

Mahali palipokwisha kuungua, mifugo izuiwe ili miche ya asili ijichipukie yenyewe. Panapohitaji kupandwa, ipandwe mitarakwa, podo na miti mingine ya mlima huu, wala si mikaratusi.

Haba na haba hujaza kibaba, na cheche moja humaliza kibaba chote. Kila nyumba izime cheche yake.