Kutoka udiwani hadi Ikulu: safari ya miaka 26 ya Catherine Connolly

(Mazungumzo ya afisa wa mawasiliano wa kaunti katika kikao cha wananchi kuhusu kazi za wawakilishi wadi)



Kila wiki simu ya ofisi yangu hulia kwa swali moja: mwakilishi wetu wa wadi amefanya nini, mbona barabara bado mbovu? Leo nitalijibu kwa kuwapeleka mbali kidogo, hadi mji wa Galway, magharibi mwa Ayalandi. Huko kuna mama aliyeanza kama diwani, kama tulivyowaita wetu kabla ya 2013, na tarehe 11 Novemba 2025 akaapishwa kuwa Rais wa nchi yake. Anaitwa Catherine Connolly.

Alizaliwa Galway, katika familia ya watoto 14. Mama yake alifariki akiwa na miaka tisa. Alisomea saikolojia akafanya kazi hiyo, kisha akarudi darasani akasomea sheria, akawa wakili. Mwaka wa 1999 akachaguliwa diwani wa mji wake kwa tiketi ya chama cha Labour, na alikaa katika kiti hicho cha baraza miaka 17.

Hapo ndipo ningependa tutulie. Miaka 17 ni mingi, na udiwani wa kule hauna fedha wala ukubwa.  Kazi ya utendaji kwa kawaida iko mikononi mwa ofisa mkuu wa kuajiriwa. Madiwani hupitisha bajeti, hupitisha mpango wa matumizi ya ardhi, na huuliza maswali. Hata meya wa Galway, ambaye Connolly alikuwa mwaka 2004 hadi 2005, huchaguliwa na madiwani wenzake kwa mwaka mmoja tu. Huvaa mkufu mzuri shingoni na kuongoza vikao, lakini hatii sahihi hundi ya kandarasi.

Na hata hayo madaraka kidogo yanaweza kunyang'anywa. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 serikali kuu ilitaka mabaraza yakubali mipango ya taka iliyohusisha matanuri ya kuchomea takataka. Madiwani wa sehemu kadhaa, Galway ikiwamo, walikataa. Mwaka 2001 bunge la taifa likabadilisha sheria, uamuzi huo ukaondolewa kwa madiwani na kupewa maofisa wa mabaraza. Fikiria umechaguliwa na watu, umepiga kura kama walivyokutuma, halafu kura yako inafutwa kutoka mji mkuu. Mwaka 2007 yakaja mengine: maji ya mfereji ya Galway yaliingia vimelea, watu zaidi ya 200 wakaugua, na wakazi wakachemsha maji ya kunywa kwa takriban miezi mitano. Unaposikia leo Connolly akisifiwa kwa kusoma nyaraka hadi ukurasa wa mwisho, kumbuka alikaa miaka mingi mahali ambapo swali ndilo lilikuwa silaha pekee ya diwani.

Kwenda juu hakukuwa rahisi. Katika uchaguzi wa 2007 alitaka kuwania ubunge Galway Magharibi pamoja na mkongwe wa chama chake, Michael D. Higgins. Chama hakikukubali. Akatoka, akasimama kama mgombea huru, akashindwa. Mwaka 2011 akasimama tena. Kule mpiga kura huorodhesha wagombea kwa namba, wa kwanza, wa pili, wa tatu, na kura za anayeondolewa huhamishiwa wengine, kwa hiyo kuhesabu ni kazi ya siku nyingi. Baada ya hesabu kurudiwa, Connolly alikosa kiti kwa kura 17. Watu 17! Ni wachache kuliko abiria wa matatu mbili za viti kumi na vinne.

Akarudi barazani, akaendelea na kazi ileile. Mwaka 2016 akaingia bunge la chini, Dáil, na ikabidi aachie udiwani, kwa kuwa sheria ya huko hairuhusu mtu kushika vyote viwili. Hapa kwetu Katiba inakataza vivyo hivyo. Mwaka 2020 wabunge wakamchagua naibu spika, mwanamke wa kwanza kushika nafasi hiyo.

Urais wa Ayalandi ni wa heshima zaidi kuliko mamlaka, maana serikali huendeshwa na waziri mkuu. Ila tazama jinsi mtu anavyofika kwenye karatasi ya kura. Anahitaji kuteuliwa na wabunge na maseneta 20, au na mabaraza manne ya kaunti na miji kati ya 31. Yaani madiwani wa kaunti nne wanaweza kumweka mtu katika kinyang'anyiro cha urais. Connolly alipitia njia ya wabunge, akaungwa mkono na vyama vya mrengo wa kushoto, na Labour walikuwemo. Oktoba 2025 alipata zaidi ya kura 900,000, asilimia 63. Sitawaficha kwamba kura zaidi ya 200,000 ziliharibika, wengi wakisema hawakuridhika na orodha ya wagombea. Na aliyempokeza ofisi ni nani? Michael D. Higgins yuleyule, ambaye naye aliwahi kuwa diwani na meya wa Galway.

Sasa turudi kwenye simu yangu. Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012 inamkataza mwakilishi wadi kujihusisha na kazi za utendaji. Barabara za kaunti hujengwa na idara, chini ya gavana. Mwakilishi wenu hutunga sheria, hupitisha bajeti na kuihoji serikali ya kaunti, ambayo ndiyo mwajiri wangu, na nalisema hilo mbele ya wakubwa wangu. Kwa hiyo ukimuuliza ameleta lori ngapi za changarawe, umemuuliza kazi ya mtu mwingine, na huenda akafurahi, kwa sababu hukumuuliza yake. Muulize alisema nini bajeti ya barabara ilipojadiliwa. Muulize aliomba taarifa gani katika kamati, na alijibiwa nini. Hayo yameandikwa kwenye hansadi. Vikao vya bunge la kaunti viko wazi kwa umma, na siku nyingi nikipita pale naona viti vya wageni vikiwa vitupu.

Nimemaliza. Maswali sasa, na tuanze na mzee wa pale nyuma, ambaye ameinua mkono tangu nilipotaja zile kura 17.